Dame, jukwaa na Ellen Terry: wanajuaje kuwa alikuwa hodari?

Maggie Smith alipofariki Septemba 27, 2024, kundi letu la WhatsApp lilijaa picha zake akiwa na ile kofia ndefu ya kichawi ya filamu za Harry Potter. Muda si mrefu mmoja wetu akatupia kipande cha habari kutoka London kilichomwita Dame Maggie Smith, mwigizaji wa jukwaani. Hapo ndipo vurugu zilipoanza. Mmoja akauliza kama Dame ndilo jina alilopewa na wazazi wake. Mwingine akauliza jukwaani wapi tena, kwani alikuwa mwimbaji? Wa tatu, ambaye huwa haonekani kundini mpaka kuwe na michango ya harusi, akaja na swali ambalo kwangu ndilo lenye uzito: kama sifa yake kubwa ni ya jukwaani, na jukwaani hakuna kamera, sisi tunajuaje kwamba alikuwa hodari?

Nitamwacha Maggie Smith apumzike, nijibu kwa kumtumia bibi aliyezaliwa miaka karibu 90 kabla yake. Ellen Terry alikuwa mwigizaji wa kike maarufu kuliko wote Uingereza katika robo ya mwisho ya karne ya 19, na kila linalotuchanganya kuhusu kazi hii limo katika maisha yake: cheo, ndoa, mshahara, aibu, na huo ushahidi unaoulizwa.

Tuanze na maneno, maana nusu ya ugomvi ulitokana nayo. Ukisema "tamthilia" leo, watu wengi wanafikiria zile za Kituruki zinazorushwa saa mbili usiku. Shuleni neno hilohilo ni kitabu cha fasihi chenye maonyesho na wahusika. Hapa nazungumzia maana ya tatu, ambayo ndiyo mama wa zote: mchezo unaochezwa na watu walio hai mbele ya watu walio hai, ukumbini, usiku huo, kisha basi. Mavazi na vifaa wanavyovaa na kushika waigizaji huitwa maleba. Mwigizaji wa jukwaani ni yule ambaye kazi yake ni hiyo. Filamu anaweza kuzicheza pia, lakini mkate wake umeokwa kwenye ukumbi.

Tofauti yake na mwigizaji wa filamu ni kama tofauti ya mama lishe na kiwanda cha vyakula vya kopo. Cha kopo kikishapikwa vizuri mara moja, kimepikwa. Utakila mwaka huu na mwakani na ladha ni ileile. Mama lishe anaamka alfajiri kila siku kuupika upya wali uleule, na wa jana haumsaidii wa leo. Mchezo mmoja unaweza kwenda usiku 100, na kila usiku mwigizaji analia upya, anakufa upya, anafufuka, anarudi nyumbani kulala. Na asiyekula siku ile, hakula.

Mtoto aliyeanguka mbele ya malkia

Ellen Terry alizaliwa Coventry, katikati ya Uingereza, Februari 27, 1847. Wazazi wake, Benjamin na Sarah, walikuwa waigizaji wa kuzunguka mji hadi mji, na watoto walilelewa humohumo ndani ya masanduku ya maleba. Dada yake Kate alitangulia kupata jina. Marion, Florence na Fred nao waliingia jukwaani. Ilikuwa ni ukoo wa kazi moja, kama zilivyo koo za wahunzi au mafundi jahazi: mtoto hapelekwi shule kujifunza, anajikuta anajua.

Aprili 28, 1856, akiwa na miaka tisa, alipanda jukwaa la ukumbi wa Princess's jijini London kuigiza Mamillius, mtoto wa kiume wa mfalme katika mchezo wa Shakespeare. Malkia Victoria alikuwamo ukumbini. Mtoto alitakiwa aingie akikokota kigari cha kuchezea. Akajikwaa kwenye mpini wake, akaanguka chali, mbele ya malkia. Mwenyewe alisimulia uzeeni kwamba aliona maisha yake ya uigizaji yameishia palepale. Mchezo ukaenda usiku 102.

Mwaka huohuo, akiigiza kijini mtundu Puck, alikuwa anachomoza kutoka chini ya sakafu kupitia mlango wa siri. Mlango ukafungwa mapema ukambana mguu na kuvunja kidole. Mke wa meneja, Ellen Kean, akamwambia amalize mchezo na mshahara wake utaongezwa mara mbili. Akamaliza. Mshahara ukaongezwa.

Huyu Bi. Kean ndiye aliyemfundisha kutamka. Kumbuka hakukuwa na maikrofoni. Sauti ya mtoto ilitakiwa ifike kwa maskini aliyekaa juu kabisa, nyuma kabisa, kwenye kiti cha bei ya chini, na ifike na maneno yake yote. Somo lake lilikuwa kwamba a, e, i, o, u ni irabu tano tofauti, asizikoroge pamoja kama anayepika pudini. Nilicheka niliposoma hilo. Kumbe mtoto wa Kiingereza anapigishwa mazoezi miaka kwa kitu ambacho mtoto wa Kiswahili anapewa bure pamoja na maziwa ya mama.

Hapa kuna dhana potofu inayofaa kuondolewa njiani. Wengi hudhani wanawake wameigiza Uingereza tangu enzi za Shakespeare. Hapana. Shakespeare alipokuwa hai, wanawake wote katika michezo yake, akiwamo yule mke wa Macbeth anayemchochea mumewe amuue mfalme, waliigizwa na vijana wa kiume wenye sauti nyororo. Wanawake waliruhusiwa kuigiza hadharani kuanzia mwaka 1660, aliporudi mfalme Charles wa Pili, na kwa miaka mingi baada ya hapo mwanamke anayejionyesha jukwaani kwa malipo alihesabiwa jirani kabisa na yule anayejiuza. Ellen Terry alizaliwa karibu miaka 200 baadaye, na harufu ya maneno hayo ilikuwa haijaisha.

Jina la nani hilo?

Ukisoma habari zake utakutana na majina mengi mpaka udhani ni watu tofauti. Tuyafungue.

Akiwa hajafikisha miaka 17, Februari 1864, aliozwa kwa mchoraji George Frederick Watts, mwenye miaka 46. Ndoa haikumaliza mwaka. Kilichobaki ni picha, mojawapo iko kwenye jumba la picha za watu mashuhuri London: msichana amenyanyua uso ananusa ua la kamelia, zuri lisilo na harufu, huku kiganjani ameshika vijiua vya violeti vyenye harufu. Mchoraji alitaka kusema binti anachagua kati ya fahari ya dunia na wema wa moyo. Mimi naona mzee aliyemwambia mkewe mchanga achague, na uchaguzi wote ni wake yeye mzee.

Mwaka 1868 akaondoka bila kuaga na msanifu majengo Edward William Godwin, wakaishi mashambani Hertfordshire bila ndoa, maana talaka ya Watts haikutoka mpaka 1877. Wakapata watoto wawili, Edith mwaka 1869 na Edward Gordon mwaka 1872. Watoto hawakuweza kubeba majina ya baba bila kuzua maswali, na hatimaye wakajiita Craig, kutoka Ailsa Craig, kisiwa cha jiwe tupu nje ya pwani ya Scotland. Kwa hiyo Edith Craig na Gordon Craig ni watoto wake wa kuwazaa, ingawa hakuna bwana Craig yeyote popote katika hadithi hii. Usimtafute.

Baadaye akaolewa na mwigizaji Charles Wardell mwaka 1877, ndoa iliyodumu miaka michache, na mwaka 1907, akiwa na miaka 60, na mwigizaji wa Kimarekani James Carew, aliyekuwa mdogo sana kwake. Hiyo nayo ikavunjika, ila walibaki marafiki. Muda wote huo, kwenye mabango alibaki Miss Ellen Terry. Kwa waigizaji, Miss ilikuwa jina la biashara, kama lilivyo jina la msanii wa bongo fleva ambalo halina uhusiano na cheti cha ndoa.

Na ile dhana kwamba Henry Irving alikuwa mumewe? Hakuwa. Alikuwa mwenzake wa jukwaani kwa miaka 24. Watu walinong'ona, wanaendelea kunong'ona, lakini hawakuoana.

Alivyorudi kazini ni kisa cha kijijini kabisa. Maisha na Godwin yalikuwa ya sanaa nyingi na pesa kidogo. Wadai walifika mpaka kukamata vyombo vya nyumba. Siku moja, mwishoni mwa 1873 au mwanzoni mwa 1874, gurudumu la kigari chake cha farasi likachomoka njiani. Wawindaji wakaruka ua wa miti na farasi zao, mmoja akasimama kusaidia, na mmoja huyo akawa Charles Reade, mwandishi na mwendesha michezo aliyemfahamu zamani. Akamsihi arudi jukwaani. Terry akasema atarudi akilipwa pauni 40 kwa wiki, labda akijua atakataliwa. Reade akakubali hapohapo. Pembeni ya barabara, kigari kimelala upande, mkataba ukawa umepatikana.

Ukumbi wa Lyceum, mahali jina lilipopikwa

Ili kuelewa kilichofuata, jua mfumo wa biashara yenyewe. Wakati ule kumbi kubwa za London ziliendeshwa na mwigizaji aliyekuwa pia meneja. Mfikirie nahodha mwenye jahazi lake mwenyewe: yeye anakodi ukumbi, anaajiri waigizaji na mafundi, anachagua mchezo, anakopa fedha, na usiku ndiye anayesimama mbele akiigiza mhusika mkuu. Jahazi likizama, linazama naye. Hakuna ruzuku ya serikali, hakuna mdhamini wa bia.

Henry Irving alichukua Lyceum mwaka 1878 na mtu wa kwanza muhimu kumwajiri alikuwa Ellen Terry. Mwingine alikuwa kijana wa Dublin aliyemkabidhi hesabu na utawala, Bram Stoker, yuleyule aliyeandika kisa cha mnyonya damu Dracula. Desemba 30, 1878, Terry akatokea kama Ophelia, msichana anayerukwa na akili katika Hamlet. Alikuwa amepanga avae nguo nyeusi kwa onyesho la wazimu. Mzee mmoja wa kampuni akamshtua: katika mchezo huu anayevaa nyeusi ni mmoja tu, Hamlet. Yaani macho ya watu yamfuate bwana mkubwa. Akavaa nyeupe.

Naomba ukae na kisa hicho kidogo, kwa sababu ndicho picha kamili ya nafasi yake. Alikuwa nyota wa pili katika jahazi la mtu mwingine. Alilipwa pauni 200 kwa wiki, wakati ambapo mtumishi wa ndani wa London aliishi kwa kama pauni 20 hivi kwa mwaka mzima. Lakini hakuchagua michezo. Katika michezo ya Shakespeare yupo Rosalind, binti mcheshi, mwenye maneno mengi na akili ya haraka, ambaye kila aliyemwona Terry alisema alizaliwa kumuigiza. Hakumuigiza hata mara moja. Mchezo ule haukuwa na mhusika mkubwa wa kumfaa Irving.

Alichokipata, alikipata kwelikweli. Novemba 1879 Irving alipandisha mchezo ambao sisi tunaujua kwa jina la Mabepari wa Venisi, kwa tafsiri ya Mwalimu Nyerere ya mwaka 1969. Waliousoma watamkumbuka Portia, mwanamke anayejifanya wakili kijana, anaingia mahakamani na kumwomba mdai ahurumie kabla ya kumkamata kwa maneno ya mkataba wake mwenyewe. Terry alikuwa tayari amemuigiza Portia kwingine mwaka 1875, na hapo Lyceum mchezo ukachezwa mara 250. Sasa rudi kwa mama lishe. Maneno ya kuomba huruma yaleyale, mara 250, na kila usiku kuna mtu ukumbini anayeyasikia kwa mara ya kwanza katika maisha yake. Huyo hatakiwi ajue kwamba wewe umeshayachoka.

Taa za Lyceum zilikuwa za gesi, na Irving alizing'ang'ania hata umeme ulipoingia London, kwa kuwa mwanga wake ni laini na unapumua. Kwa kumulika mtu mmoja walitumia kipande cha chokaa kilichochomwa kwa ndimi za gesi mpaka kikawaka mweupe wa kuumiza macho. Kila taa ya namna hiyo ilikuwa na mtu wake wa kuielekeza kwa mkono. Ndani ya joto hilo, mwanamke amevaa maleba mazito, amebanwa kiuno, anatakiwa aonekane ana furaha. Terry alipoandika kumbukumbu zake, zilizotoka mwaka 1908, alisema mwigizaji anahitaji mambo matatu: ubunifu wa kuona kisichokuwepo, bidii na akili, na katika hayo ubunifu ndio mkubwa. Bidii aliitaja bila kuishangaa. Mtoto aliyemaliza mchezo na kidole kilichovunjika hawezi kuishangaa.

Walianza kuvuka bahari kwenda Marekani mwaka 1883, wakarudi huko tena na tena, na watu, mandhari na maleba yakipakiwa kama bidhaa. Mwaka 1902 yeye na Irving wakaachana kikazi. Mwaka uliofuata akakodi ukumbi wake mwenyewe, Imperial, akamkabidhi mwanawe Gordon Craig kazi ya kubuni jukwaa. Gordon alikuwa na mawazo mapya kuhusu mwanga na nafasi, mawazo ambayo Ulaya ingekuja kuyasoma kwa miongo mingi. Watazamaji wa mwaka 1903 hawakuwa na haja nayo. Mama akapoteza fedha nyingi. Hata hivyo Juni 12, 1906, alipotimiza miaka 50 ya jukwaa, ukumbi wa Drury Lane ulijaa kwa onyesho la kumuenzi, na mwimbaji Enrico Caruso akaja kumuimbia.

Sasa, hiyo Dame

Dame ni cheo cha heshima ambacho mfalme au malkia wa Uingereza humpa mwanamke, kama Sir kwa mwanamume. Kazi yake ni kama ya Hajjati kwetu: hukaa mbele ya jina, hakuna anayezaliwa nacho, na jirani akikuita bila hicho baada ya kukipata unaweza kununa kidogo. Huendana na jina la kwanza. Ni Dame Maggie au Dame Maggie Smith. "Dame Smith" ni kosa. Na hakiji kwa kuolewa. Mwanamke aliyeolewa na Sir huitwa Lady. Mwanamume aliyeoa Dame haitwi kitu, anabaki na jina lake alilokuja nalo.

Watu huuliza, kama Terry alikuwa mkubwa hivyo, kwa nini Irving alipewa Usir mwaka 1895, mwigizaji wa kwanza kabisa kuupata, na yeye akasubiri mpaka 1925, miaka 30 nyuma ya mwenzake? Sababu moja ni ya kikaratasi: daraja la heshima ambalo lilitumika kumpa mwigizaji wa kike cheo hicho lilianzishwa mwaka 1917 tu. Kabla ya hapo hapakuwa na kabati la kutolea nguo hiyo. Sababu nyingine haikuandikwa popote lakini si ya kutafuta kwa tochi. Mwanamke mwenye talaka, mwenye watoto wawili nje ya ndoa, mwenye waume watatu, serikali ya wakati ule isingemwita ikulu haraka. Mwandishi Lewis Carroll, rafiki aliyempiga picha na kuipenda familia yake nzima, alimkwepa kabisa miaka ile ya Godwin. Mwigizaji Geneviève Ward alimtangulia kupata Udame mwaka 1921. Terry alipopewa, alipewa ngazi ya juu kabisa ya daraja lile. Wakati huo macho yalikuwa yamefifia na kumbukumbu ya maneno ilikuwa ikimtoroka. Mwaka 1919, akiigiza yaya katika mchezo wa Romeo na Juliet, wenzake walikuwa wakimnong'oneza mistari yake palepale jukwaani.

Wanajuaje?

Tumefika kwenye swali la yule mtu wa michango ya harusi.

Jibu la haraka ni kwamba kitu kidogo kipo, ila kinapotosha. Mwaka 1911 kampuni ya Victor ya Marekani ilirekodi sauti yake akisema maneno ya Portia, Ophelia na wengine. Unaweza kuisikiliza leo. Lakini ni sauti ya bibi wa miaka 64 akijifanya Ophelia mbele ya pembe ya bati. Kuanzia 1916 akacheza pia filamu chache zisizo na sauti, akikaribia 70. Kumpima kwa hizo ni kumpima mwanasoka kwa mechi ya maveterani ya Jumapili. Siti binti Saad alikuwa na bahati zaidi katika hili: mashine ya kurekodi ilimkuta Bombay mwaka 1928 akiwa bado katika nguvu zake. Mwaka huohuo, Julai 21, Ellen Terry alikufa.

Picha nazo? Ile maarufu kuliko zote ilichorwa na John Singer Sargent mwaka 1889. Terry ni mke wa Macbeth, amesimama na gauni la kijani na buluu linalong'aa kama mgongo wa nyoka, mikono juu, anajivika taji mwenyewe. Picha ya kutisha kwa uzuri. Sasa chukua Makbeth, tafsiri ya Samwel Mushi ya mwaka 1968, utafute mahali mke huyo anapojivika taji. Hutapaona. Shakespeare hakuliandika tendo hilo. Sargent aliona mwanamke na gauni, akabuni pozi. Kwa hiyo hata mchoraji aliyekuwepo ukumbini hakutuachia kilichotokea jukwaani.

Basi tunabaki na mashahidi, na mashahidi wa kuaminika ni wale wasio na sababu ya kukupenda. George Bernard Shaw, mhakiki mwenye ulimi wa wembe, hakuipenda Lyceum. Aliandika wiki baada ya wiki kwamba Irving anamkata Shakespeare vipandevipande na anapoteza kipaji cha mwanamke aliye naye. Adui wa nyumba akimsifu mmoja wa nyumba, hakimu huandika. Shaw na Terry waliandikiana barua kwa miaka kabla ya kukutana uso kwa uso, ingawa kutoka alikokaa mpaka Lyceum ni mwendo mfupi tu. Walichelea kukutana kungeharibu utamu. Alimwandikia mchezo mzima wenye mwanamke mkuu wa kumfaa, naye akauigiza mwaka 1906. Barua zilichapishwa mwaka 1931, na ndani yake Terry si malkia wa mabango. Ni mfanyakazi mwenye mgongo unaouma, anayeuliza kama sentensi fulani isemwe akiwa amekaa au amesimama.

Ushahidi mwingine ni kwamba hawakumsifu wote. Alipoigiza mke wa Macbeth Desemba 1888, wahakiki waligawanyika. Wengi walimjua mke huyo kama shetani mwenye sketi. Terry alimcheza kama mke anayempenda mumewe kupita kiasi, ambaye anataka makubwa kwa ajili ya bwana yule na hana habari bei yake ni nini. Vitabu vyake vya mchezo vimejaa maelezo ya mkono wake pembezoni, na humo unamwona akimfikiria mwanamke yule kama mtu, mstari kwa mstari. Sifa zikiwa tupu tupu, mimi hushuku. Hapa tuna ugomvi wenye sababu, na ugomvi unatuonyesha alichofanya kuliko shangwe.

Na kuna njia ya tatu, ya mkono kwa mkono. Dada yake Kate alikuwa na mjukuu, John Gielgud, aliyezaliwa 1904 na kuwa miongoni mwa waigizaji wakubwa wa Shakespeare katika karne ya 20. Mwaka 1972 Gielgud aliongoza mchezo mmoja London, na mwigizaji wake mkuu wa kike alikuwa Maggie Smith. Yule profesa wa kofia ndefu.

Lakini ukinibana nichague shahidi mmoja, nachagua lile gauni la kwenye picha ya Sargent. Lipo mpaka leo Smallhythe, nyumba ya zamani ya mbao huko Kent aliyoinunua mwaka 1899 na ambamo alifia. Edith aliigeuza makumbusho, na mwaka 1939 ikakabidhiwa kwa taasisi ya taifa ya kutunza turathi. Alice Comyns Carr ndiye aliyelibuni. Limesukwa kwa uzi kama vazi la chuma la askari wa kale, kisha likashonewa magamba ya mbawakawa wa kijani, kama 1,000, yale ambayo wadudu hao huyaacha wenyewe. Katika mwanga wa gesi yalikuwa yanatembea kabla mvaaji hajatembea. Mtunzi Oscar Wilde alitania kwamba inaelekea mke wa Macbeth humnunulia mumewe nguo kwa mafundi wa kijijini, za kwake anaziagiza Byzantium.

Limechakaa pale alipolichakaza yeye. Mishono imevutika, pindo limebeba miaka ya sakafu za Uingereza na Marekani, na magamba kama 100 yalikuwa yamepasuka. Kazi ya kulikarabati, iliyomalizika mwaka 2011, ilichukua zaidi ya saa 1,000. Kila gamba lililopasuka lilibandikwa kwa nyuma kipande cha karatasi nyembamba ya Kijapani, kwa gundi ya uji wa ngano, ya ukoo mmoja na ile tuliyobandikia tiara tukiwa watoto.